Televisheni ya Unguja, na Habari Zetu Zinavyokwenda na Kurudi

Mwaka 1926 nchi hii ya kusini ilitengwa na Dayosisi ya Zanzibar, ikawa Dayosisi ya Masasi, na Vincent Lucas akawa Askofu wake wa kwanza. Habari hiyo ndiyo iliyotukusanya katika kitabu hiki. Lakini mwaka huo huo yalitukia mambo mengine mawili, mbali sana na Masasi, wala hapana mtu wa Ruvuma aliyeyasikia. Tarehe 26 Januari, mjini London, katika chumba cha juu cha nyumba moja ya Soho, Mskochi aitwaye John Logie Baird aliwaonyesha wataalamu wa Royal Institution mtambo alioutengeneza mwenyewe. Katika kioo chake kidogo wakaona uso wa mtu aliyekuwa katika chumba kingine, ukitetemeka kama kivuli juu ya maji. Na tarehe 15 Novemba, huko New York, kampuni mpya iitwayo National Broadcasting Company, yaani NBC, iliunganisha kwa nyaya za simu vituo vya redio zaidi ya 20 vya miji mbalimbali, hata tamasha moja likasikika miji yote hiyo kwa saa ile ile moja.

Basi dayosisi yetu, na televisheni, na huo utaratibu wa vituo vingi kupokea sauti ya kituo kimoja, vyote vitatu ni rika moja. Kama wangalikuwa vijana wa Newala tungalisema wametoka jandoni siku moja.

Najua wako wazee wa kanisa watakaouliza, televisheni ina kazi gani katika kitabu cha jubilei? Najibu hivi. Historia ya Ukristo katika nchi hii ni historia ya habari kupelekwa na kurudishwa. Habari Njema yenyewe ilikuja kwa miguu kutoka pwani, mwaka 1876, Askofu Steere alipowaleta watu waliokombolewa utumwani mpaka Masasi. Tena leo hapana kijiji cha Uwanda wa Makonde ambacho watoto wake hawajui nyuso za watangazaji wa Dar es Salaam kuliko wanavyojua nyuso za babu zao waliojenga kanisa. Jambo lililoingia nyumbani mwa watu namna hiyo yafaa tujue limetoka wapi, na nani alilianzisha, na linafanyaje kazi. Wenye elimu wameliita runinga, wengine luninga. Lakini mimi nitafuata midomo ya watu wengi, nitasema televisheni.

Kwanza nieleze neno moja, kwa kuwa bila hilo mengine hayatafahamika. Huko Marekani, tangu siku zile za NBC, vituo vingi vya televisheni ni vya miji yao wenyewe. Kituo kina leseni yake, nyumba yake, mnara wake, na watu wake wa kuandika habari za mji. Lakini mji mmoja hauna fedha za kutengeneza michezo na tamasha na habari za dunia kila siku. Kwa hiyo kituo hufanya mapatano na mtandao mkubwa, na mtandao humletea vipindi. Saa fulani kituo hupokea na kurusha vya mtandao. Saa nyingine hurusha vya kwake, kama habari za mji, mvua, ajali, shule, michezo ya vijana. Huitwa kituo kilichojiunga. Mtandao mmoja mkubwa waweza kuwa na vituo zaidi ya 200 vilivyojiunga nao. Zamani mtandao ndio uliolipa kituo, kwa sababu ulihitaji mnara wake ili matangazo yake ya biashara yawafikie watu. Siku hizi mambo yamegeuka, na vituo vingi ndivyo vinavyoulipa mtandao. Msomaji na aliweke jambo hilo moyoni, maana latuonyesha jinsi mwenye kupokea kila siku hatimaye anavyokuwa mwenye kudaiwa.

Mwalimu wa kanisa hana shida kuufahamu utaratibu huo. Hata sisi wa vijiji vya nje tu vituo vilivyojiunga. Kalenda ya masomo yatoka kwa Askofu, sala zatoka katika kitabu kimoja, barua ya kichungaji husomwa Jumapili ile ile Masasi na Newala na Kitangari. Lakini mahubiri ni ya mwalimu wa mahali, na tangazo la msiba ni la mahali, na jina la mgonjwa anayeombewa halitoki makao makuu. Mtu akiondoa hayo machache ya mahali, watu watakuja kanisani mara mbili au tatu, kisha watabaki nyumbani.

Na utaratibu wa namna hiyo ulikuwako kwetu kabla ya NBC. Mwaka 1888 Misheni ilianzisha Unguja gazeti la Kiswahili liitwalo Msimulizi, likipigwa chapa Kiungani, mahali palipokuwa chuo cha vijana wetu. Waalimu Waafrika waliotoka Kiungani na kutumwa bara, Magila na Masasi na Newala na kwingineko, waliandika habari za vituo vyao wakazituma pwani kwa mikono ya wapagazi. Zikapangwa herufi, zikapigwa chapa, zikarudishwa tena kwa wapagazi wale wale. Mtu wa Newala akasoma habari za Magila, na mtu wa Magila akasoma habari za Newala. Wakati huo hapa kwetu, Chitangali kama walivyoandika siku zile, alikuwapo Cecil Majaliwa, Myao aliyekuwa mtumwa akakombolewa, na mwaka 1890 akapewa upadre, wa kwanza miongoni mwa Waafrika wa Misheni yetu. Fikirini njia ile: Ruvuma, mwitu, simba, Magwangwara waliokuwa wameiteketeza Masasi mwaka 1882. Na bado barua zilifika. Katika mtandao ule kila kituo kilipokea, na kila kituo kilituma. Nataka msomaji alikumbuke hilo tutakapofika mbele.

Sasa nije kwenye televisheni yenyewe, na hapo lazima turudi Unguja, kwa mama yetu. Maana katika nchi inayoitwa leo Tanzania televisheni haikuanza Dar es Salaam. Baada ya Mapinduzi ya Januari 1964, Mzee Abeid Amani Karume alitaka visiwa vyake viwe na televisheni, na tena televisheni ya rangi. Watu wengi walidhani ni majivuno. Kenya na Uganda zilikwisha kuanza, lakini zao zilikuwa za rangi nyeusi na nyeupe. Na hata Uingereza rangi ilikuwa imeanza mwaka 1967 tu. Lakini Unguja na Pemba zilikuwa na karafuu, na karafuu siku zile ilileta fedha nyingi za kigeni. Mzee Karume aliuawa tarehe 7 Aprili 1972, wala hakuiona kazi ikitimia. Mzee Aboud Jumbe aliyemfuata akaiendeleza. Hata Mapinduzi yalipotimiza miaka 10, Januari 1974, picha za rangi zilikuwa zikirushwa kutoka Unguja, kabla ya nchi nyingine yoyote ya Afrika kusini ya Sahara. Afrika ya Kusini yenyewe, pamoja na dhahabu yake yote, ilianza televisheni Januari 1976.

Kituo kile kiliitwa Televisheni Zanzibar, na kwa kifupi TVZ, na nyumba yake ikaitwa jina la Karume. Kilihudumia visiwa vyenye watu wasiofika 500,000. Jambo lililokifanya kiwe tofauti na vituo vingi vya Afrika vya siku zile ni lugha. Habari zilisomwa kwa Kiswahili, mchezo uliigizwa kwa Kiswahili, taarabu ilipigwa na kuimbwa mbele ya kamera na watu ambao jirani zao waliwaona kesho yake sokoni. Matangazo yalikuwa ya saa za jioni tu. Walionunua seti walikuwa wachache, na kila penye seti moja palijaa watoto barazani, na watu wazima nyuma yao wakijifanya wamepita tu.

Nieleze kidogo jinsi kazi ilivyofanyika, kwa ajili ya waalimu wanaoulizwa na wanafunzi. Kamera hugeuza nuru kuwa umeme. Umeme huo hupita katika chumba cha waongozaji, ambapo mtu mmoja hukaa mbele ya vioo vingi akichagua picha ya kamera ipi itoke, na mwingine hushika sauti. Picha huenda kwenye mtambo wa kurushia, na mtambo huipeleka juu ya mnara, na kutoka hapo husafiri hewani mpaka antena iliyo juu ya paa la mtazamaji. Kwa kuwa mawimbi yale hupenda kwenda moja kwa moja, mnara lazima uwe mrefu au juu ya kilima. Penye kilima katikati, au penye umbali mkubwa, picha hugeuka kuwa theluji. Bahari haina vilima. Kwa hiyo watu wa pwani ya bara, Dar es Salaam na sehemu nyingine zilizoelekeana na visiwa, waliosimamisha antena juu ya miti mirefu, waliweza kuishika TVZ miaka mingi kabla nchi yao wenyewe haijawa na televisheni. Kwetu Newala, tulio mwendo wa mamia ya maili kusini, haikufika kitu.

Mbona bara ilikawia? Mwalimu Nyerere hakutaka. Aliona kwamba televisheni katika nchi maskini itakuwa chombo cha watu wachache wa mjini, wenye umeme na fedha za kununua seti, nao watalipiwa na mkulima asiyeiona. Redio ilimtosha. Sauti ya Dar es Salaam ilikuwa imeanza mwaka 1951 kwa mtambo mdogo uliofika mjini na viungani tu. Baadaye ikakua, na kutoka mwaka 1965 Radio Tanzania Dar es Salaam ilisikika mpaka kwetu, na ng'ambo ya Ruvuma pia, ambako ndugu zetu wa Msumbiji walisikiliza kwa siri sauti ya wapigania uhuru wao. Mimi nimesikia watu wakimlaumu Mwalimu kwa jambo hili la televisheni, kana kwamba alitufunga macho. Siwezi kuungana nao wote. Mkulima wa korosho asiye na umeme wala maji ya bomba angefaidi nini mwaka 1974 kwa mnara wa Dar es Salaam? Lakini nao wana neno moja la haki: miaka ile 20 Unguja ilikuwa ikijifunza kazi, na bara haikujifunza.

Mwaka 1993 Bunge lilitunga sheria mpya ya utangazaji, na mwaka 1994 watu binafsi wakafungua vituo Dar es Salaam. Kinachojulikana zaidi ni ITV, cha marehemu Reginald Mengi aliyefariki mwaka 2019. Serikali ya bara haikuwa na kituo chake mpaka mwaka 2000, ilipoanza Televisheni ya Taifa, TvT. Rais wakati huo alikuwa Benjamin Mkapa, mzaliwa wa Lupaso katika wilaya ya Masasi, mtu aliyefanya kazi ya uhariri wa magazeti kabla ya siasa, na aliyekuwa Waziri wa Habari si mara moja. Ajabu ya mambo, nchi yetu ya kusini iliyokuwa ya mwisho kuiona televisheni ndiyo iliyomtoa Rais aliyeifungua ya taifa. Mwaka 2007 TvT na Radio Tanzania ziliunganishwa zikawa Shirika la Utangazaji, TBC. Visiwani nako mwaka 2013 TVZ na redio ya Sauti ya Tanzania Zanzibar zikawekwa chini ya shirika moja, ZBC. Utangazaji haukuwa miongoni mwa mambo ya Muungano ya mwaka 1964, ndiyo sababu Zanzibar ilibaki na kituo chake, na sheria yake, na tume yake ya kusimamia.

Katika nchi zetu hatuna vituo vingi vya namna ile ya Marekani, lakini mfano wake upo. Sauti ya Kenya, ambayo televisheni yake ilianza Nairobi mwanzoni mwa miaka ya 1960, ilifungua kituo cha pili Mombasa mwaka 1970 ili kupokea matangazo ya Nairobi na kuyarusha pwani. Mwanza kuna Star TV, ambayo mwaka 2012 ilianza kupokea kutoka London kipindi cha Dira ya Dunia cha BBC, na kukirusha kwa watazamaji wake wa Tanzania. Tena siku za taifa vituo vya watu binafsi hujiunga na TBC, na neno hilo la kujiunga kila msikilizaji wa redio alijua tangu utoto: sasa tunajiunga na Dar es Salaam kwa taarifa ya habari. Mimi nikiwa mtoto nilidhani kujiunga ni kazi ya pande mbili, kama watu waliounga kamba. Baadaye nikafahamu kwamba katika utangazaji kamba ile mara nyingi huvutwa upande mmoja.

Hapo ndipo penye maneno yangu. Tutazame jinsi picha zilivyopanda uwandani kwetu. Kwanza zilikuja kwa mabanda. Mtu aliyefanya biashara Mtwara au Masasi alinunua televisheni na mashine ya kanda na jenereta, akazungushia makuti, akatoza shilingi chache. Vijana wakajazana usiku kutazama filamu za Kihindi na za vita. Watu waliviita vibanda umiza, kwa sababu ya joto na mabenchi. Waalimu wengi walivilaani, na si bila sababu, maana darasa la asubuhi lilikuwa likisinzia. Kisha yakaja madishi makubwa ya satelaiti, yaliyokamata picha kutoka angani bila kujali vilima. Nyumba moja au mbili za kijiji zikawa nayo. Kisha ving'amuzi.

Hili la ving'amuzi nalieleza, maana watu wengi walilipokea kwa manung'uniko bila kuelezwa. Mwaka 2006 mataifa yalipatana Geneva kwamba televisheni ya zamani, iliyotumia wimbi zima kwa kituo kimoja, iachwe, na mwisho wake uwe Juni 2015, ili wimbi moja libebe vituo vingi kwa njia ya tarakimu. Tanzania ilijiwekea siku ya mapema. Usiku wa tarehe 31 Desemba 2012 mitambo ya zamani ya Dar es Salaam ilizimwa, na miezi iliyofuata ikafuata miji mingine: Dodoma na Tanga, Mwanza, Arusha na Moshi, Mbeya. Kazi ya kurusha ikatengwa na kazi ya kutengeneza vipindi. Makampuni matatu yakapewa leseni ya kubeba picha za vituo vyote. Mtu asiye na king'amuzi akabaki na seti isiyosema. Kwetu wengi waliruka hatua ile, wakaingia moja kwa moja katika ving'amuzi vya dishi dogo, vya kulipia kwa mwezi. Na katika dishi hilo ZBC ya Unguja nayo huonekana. Picha ambayo mwaka 1974 haikuweza kuvuka maili zile, leo yashuka kutoka mbinguni juu ya mwembe wa Kitangari. Mama amerudi kuzungumza nasi, baada ya miaka mingi, kwa njia ya satelaiti.

Lakini sisi twamjibu nini?

Nimehesabu moyoni mara ambazo nchi yetu imeonekana katika televisheni za taifa siku nyingi mfululizo, nazo ni chache. Mwaka 2013 tulionekana kwa moto: Masasi mwezi wa Januari, na Mtwara tarehe 22 Mei, baada ya bajeti ya nishati kusomwa Dodoma na watu kufahamu kwamba bomba la gesi litakwenda Dar es Salaam. Nyumba zilichomwa, watu wakafa, na kamera zikaja. Tena Novemba 2018, Rais Magufuli alipoamuru jeshi linunue korosho zote kwa shilingi 3,300 kwa kilo, malori ya jeshi yalipiga mstari, na kamera zikaja. Silaumu waliokuja. Mtandao hutuma kamera penye jambo kubwa; ndiyo kazi yake, na Marekani ni vivyo hivyo. Kazi ya kuonyesha siku za kawaida si ya mtandao. Ni ya kituo cha mahali. Na mahali pasipo kituo, siku za kawaida hazionekani kamwe. Watoto wakakua wakidhani kwao ni mahali pa fujo na malori, na maisha yako kwingine.

Hapa ndipo Unguja inatufundisha, na kwa hiyo nimetumia kurasa nyingi juu yake. TVZ ilikuwa kituo cha maskini kikilinganishwa na vya Ulaya. Kilionyesha filamu za kigeni kama wengine wote, na siasa ya serikali kila jioni bila kukosa. Lakini kilikuwa na kamera ya mahali, na mtu wa mahali nyuma yake. Mwimbaji mzee aliimba, akaonekana. Mtoto wa Pemba aliyetazama alisikia Kiswahili cha bibi yake kikitoka ndani ya sanduku la kigeni, akajua kwamba lugha ile yastahili sanduku. Sisi Wamakonde na Wayao na Wamakua wa uwanda huu tuna wachongaji wanaojulikana duniani, tuna ngoma, tuna jando ambalo Askofu Lucas mwenyewe alilitazama kwa heshima akalitafutia njia ya Kikristo kabla hata hajawa Askofu. Ni picha ngapi zinazotembea za mambo hayo zilizopigwa na watu wetu wenyewe, zikatunzwa?

Juu ya kutunza nina neno la kuonya. Kanda za picha za zamani zilikuwa ghali, na vituo vingi duniani vilifuta kanda ya jana ili kuandika ya leo. Hata BBC ya London, pamoja na utajiri wake, ilifuta vipindi vingi mno vya miaka ya 1960 na 1970, na leo watu wake wanavitafuta katika madari ya nyumba za watu. Karatasi ilikuwa na bahati kuliko kanda. Nakala za Msimulizi zilizopigwa chapa Kiungani zimebaki katika maktaba, na mwanafunzi aweza kusoma leo mwalimu wa Newala aliandika nini zaidi ya miaka 130 iliyopita. Lakini sauti ya kwaya iliyoimba siku Askofu Trevor Huddleston alipotutembelea katika miaka ya 1960, nani anayo?

Siku hizi simu ya mkononi ni kamera, na ni kituo, na ni mnara, vyote katika mfuko wa shati. Vijana wa parishi hupiga picha za harusi na kipaimara wakazituma usiku ule ule. Ni jambo jema, lakini simu huanguka kisimani, na picha huzama nayo. Napendekeza kwa waalimu wenzangu jambo moja dogo lisilohitaji leseni wala mnara: kila parishi ichague kijana mmoja mwaminifu na mzee mmoja mwenye kumbukumbu, kijana ashike simu, mzee aseme. Aseme jinsi maji yalivyotekwa bondeni na kupandishwa kichwani kabla ya mabomba. Aseme nani alijenga kanisa, na miti ilikatwa wapi. Aimbe, kama aweza. Kisha nakala moja ikae parishini, moja Newala kwa binti yetu dayosisi mpya, na moja Masasi. Na atakayeomba kutoka Unguja apelekewe. Waliobeba barua za Msimulizi walikwenda mwendo wa majuma kadhaa kwa miguu. Sisi tutalipa kifurushi cha intaneti.

Nimalizie na Lupaso. Benjamin Mkapa alifariki usiku wa kuamkia tarehe 24 Julai 2020, akaagwa uwanjani Dar es Salaam, na tarehe 29 akazikwa kijijini kwake. Siku ile magari yenye madishi yalisimama chini ya mikorosho, nyaya zikatandazwa juu ya mchanga, na nchi yote ikajiunga na kijiji cha wilaya ya Masasi. Kwa saa zile chache Dar es Salaam ndiyo iliyokuwa ikipokea, na Lupaso ndiyo iliyokuwa ikituma. Ilionekana barabara ya vumbi, ikaonekana nyumba za matofali, zikasikika nyimbo kwa sauti za watu wa kwetu. Jioni nyaya zikakunjwa, magari yakashika njia ya kurudi pwani.